Pumzi ya Thadei Mapafu

Sifa za mtu humfuata anakohamia, ila nyingine huenda kwa miguu. Za Thadei zilichukua zaidi ya miaka ishirini kutoka Moshi hadi London, na zilipofika zilimkuta amekaa kwenye ngazi za nyuma za hospitali, amevaa sare ya bluu, anamenya ndizi baada ya kumsukuma mzee mmoja kwenda eksirei. Simu ikatetemeka. Mtu asiyemjua alikuwa amemwandikia kwa Kiingereza cha adabu: samahani kwa usumbufu, je, wewe ndiye DJ Thadei Mapafu wa Majengo, uliyekuwa ukitafsiri filamu? Nimekutafuta kwa muda mrefu.

Ndizi ikasahaulika mkononi. Pale kazini aliitwa Teddy, na walichojua juu yake ni kwamba hachelewi na hagombani na mtu. Hakuna aliyejua kwamba zamani, akipita mitaa ya Majengo, watoto walimfuata nyuma wakiiga sauti yake.

Thadei alikuwa DJ wa kibanda umiza. Asiyekijua kibanda umiza aambiwe: ni banda la mabati, mabenchi yasiyo na mgongo, televisheni moja juu ya meza, deki chini yake, na pembeni kijana mwenye maiki anayewaeleza watu kwa Kiswahili filamu ambayo lugha yake hata yeye haielewi. DJ hakuhitaji kujua Kichina wala Kihindi. Alihitaji kuwajua watu waliokaa kwenye mabenchi. Mchina mwenye upanga akipewa jina la Shirima na jambazi akageuzwa diwani, mambo yalikwenda. Na katika ma-DJ wote wa mji ule, Thadei ndiye aliyesifika kwa kutovuta pumzi. Angeanza kusema shujaa anaposhuka kwenye farasi, akamaliza shujaa amekwisha kufa, kuzikwa na kulipiziwa kisasi. Ndiyo maana wakamwita Mapafu.

Jioni ile, nyumbani Thornton Heath, alimwonyesha mkewe ujumbe. Aikaeli alikuwa anakaanga samaki, akausoma huku ameshika mwiko.

"Baba Haika, hawa ni scammers," akasema. "Subiri, kesho watakuomba bank details."

Lakini alikuwa anacheka, na Thadei aliona kwamba anaona fahari kidogo. Aikaeli mwenyewe alinaswa na sauti hiyohiyo, enzi hizo akiwa msichana wa shule aliyekatazwa kukanyaga kibandani, akawa anasimama nje ya ukuta kusikiliza.

Aliyeandika aliitwa Emi. Alipopiga simu alieleza kwamba kuna kipande kifupi mtandaoni, kimewekwa na mtu wa Moshi, cha filamu ya Kijapani isiyo na rangi inayosimuliwa kwa Kiswahili, na msimuliaji hachoki kujitaja jina. Mama yake Emi yumo katika filamu hiyo. Je, Bwana Thadei angeweza kuja kumwona? Thadei hakuuliza anaitiwa nini. Alijijibu mwenyewe. Aliona jukwaa, akaona Wazungu wamekaa viti vya mbele na yeye amesimama na maiki. Akavaa suti ya kipaimara cha Haika, mkewe akamfunga tai, akapanda treni kwenda West Acton kifua mbele.

Aliyemfungulia mlango alikuwa Emi mwenyewe, mama wa makamo, mwembamba, uso wa Kijapani na macho ya kijivu ya baba Mwingereza. Kazi yake ilikuwa kupima watu macho. Jukwaa halikuwepo. Kulikuwa na sebule ndogo, kitanda cha hospitali kimesogezwa dirishani, na juu yake bibi mmoja mdogo mno, skafu ya hariri shingoni, mikono imetulia juu ya shuka. Huyo ndiye Sumie. Thadei alimtambua papo hapo. Uso ule alikuwa ameuona mara nyingi kuliko alivyoziona nyuso za shangazi zake, tena ukiwa wa binti mbichi.

"Shikamoo mama," akasema. Ilimtoka tu kwa Kiswahili.

Bibi akachukua kidude kama mashine ya kunyolea ndevu, akakibana chini ya taya, midomo ikacheza. Ikatoka sauti inayovuma, haipandi wala haishuki. Emi akasema mama anakukaribisha, kaa.

Kisha Emi akamweleza, na kadiri alivyoeleza ndivyo tai ilivyozidi kumbana Thadei. Sumie aliingia kwenye filamu akiwa msichana, katika kampuni ndogo ya pwani ambayo hata Japani kwenyewe ni wachache walioijua. Alicheza filamu tatu tu. Katika ya kwanza alipita na sinia la chai. Katika ya pili alikuwa mgonjwa wa kitanda cha nyuma. Ya tatu aliipata kwa bahati, mwigizaji mkubwa alipogombana na mwongozaji, naye akapewa nafasi ya mke wa kijana mvuna chumvi. Mwongozaji alimpenda kwa sababu alijua kukaa kimya. Mke yule hafungui mdomo filamu nzima, ila mara moja, karibu na mwisho, na hapo anasema maneno mengi kwa mkupuo. Waliouona mchezo ule walisema huyu atafika mbali. Hakufika. Kabla ya filamu ya nne sauti ilianza kumkauka, wakadhani ni mafua, madaktari wakafungua koo na kukuta saratani, wakaondoa kila kitu, wakamwachia tundu la kupumulia shingoni. Alikuwa na miaka ishirini na mitatu. Akaolewa na Mwingereza, akaja London, akazaa.

Kampuni ilifilisika, ghala likaungua, filamu zikaisha. Kaka yake Sumie peke yake ndiye aliyewahi kuirekodi ile ya tatu, siku moja ilipoonyeshwa kwenye televisheni ya mkoa wao. Kaka huyo alikuwa mhandisi wa maji. Alikwenda Moshi kwenye kilimo cha mpunga, akaugua huko akafa huko, na vitu vyake vikapigwa mnada.

"Tangu nizaliwe sauti ninayoijua ni ya mashine hiyo," Emi akasema. "Ndiyo iliyonibembeleza. Ndiyo iliyoniambia baba amefariki. Sijawahi kumsikia mama yangu."

Sasa ugonjwa ulikuwa umerudi, safari hii kwenye mapafu, na madaktari hawakuwa na la kuahidi. Sumie alikuwa anataka kitu kimoja kabla hajafa, mwanawe amsikie. Emi akasita, maana swali lenyewe lilikuwa gumu kwa mtu aliyekuja amevaa suti. Akauliza kama kuna mahali popote katika kanda ile, hasa pale yule mke anaposema, ambapo Bwana Thadei alikuwa hasemi.

Thadei akafumba macho akarudi Majengo. Aliikumbuka vizuri sana. Kanda ilinunuliwa mnadani na Alnashir, mwenye duka la redio pale stendi na mwenye kibanda. Alnashir aliposikia ni ya Kijapani akachoresha bango la mtu anayeruka teke, watu wakafurika. Teke halikuonekana. Yalionekana mashamba ya chumvi na mwanamke anayebeba maji. Thadei aliwatuliza watu kwa kila hila, akawaambia tulieni, ngumi zinakuja, huyu anapasha misuli. Mpaka ikafika pale mume amezama baharini, mama mkwe anamkabidhi mkwe furushi lake na kumwonyesha mlango, arudi kwao. Yule mkwe, aliyekuwa bubu tangu mwanzo, akafungua kinywa. Thadei akaona hana la kuongeza. Akaweka maiki chini. Kibanda kizima kikasikiliza Kijapani, na wapiga debe wa stendi, watu wasioogopa polisi, wakalia waziwazi. Tangu siku hiyo kila walipoionyesha, akifika hapo aliweka maiki chini.

"Hapo nilinyamaza," Thadei akasema. "Sauti yake ipo. Yote ipo."

Emi akamrudia mama yake maneno hayo. Sumie akamshika Thadei mkono wa koti na hakuuachia mpaka chai ilipopoa. Mdomo uliponza kichwa, na siku ile kichwa kilikuwa hakijajua.

Kanda ilikuwa kwa Elieshi, dada yake Thadei, kule Moshi. Thadei akapiga simu usiku huohuo. Elieshi akalalamika kwamba takataka zile zimemjazia uvungu wa kitanda miaka yote, na kwamba panya wamekula nyingine, lakini akaahidi kutafuta. Emi naye akatafuta deki la zamani, akalipata kwa mstaafu mmoja, akaliweka chini ya televisheni ya mama yake na kulifuta vumbi. Daktari alipendekeza Sumie apelekwe mahali pa kutunzia wanaokaribia kufa, ambako maumivu yangetulizwa vizuri zaidi. Sumie akakataa. Alisema, kwa ile mashine, kwamba hatoki sebuleni hapo mpaka kanda ifike. Emi alimsimulia Thadei kwenye simu huku akilia na kucheka.

Kila Jumapili baada ya ibada Thadei akawa anakwenda West Acton. Akawa mtu wa nyumba ile. Alipewa slipa zake na kikombe chake. Aikaeli akatuma chapati, na Sumie, ambaye alilishwa kwa mrija, alizishika mkononi akazinusa. Siku moja Emi alimfuata Thadei jikoni akamwuliza kwa sauti ya chini: wewe umemsikia, watu wa Moshi wamemsikia, mimi mwanawe sijamsikia, basi niambie ilikuwaje. Thadei, mwenye maneno ya kumwaga, akajikuta anasema tu kwamba ilikuwa nzuri. Akaongeza kwamba ilikuwa nzito kuliko umbo lake, ya chini, kama ya mtu ambaye ndiyo kwanza ameamka. Emi akayapokea maneno hayo kwa mikono miwili. Yalikuwa kweli. Ilikuwa kweli ya mwisho Thadei kuisema ndani ya nyumba ile.

Kwa maana akirudi kwenye basi jioni hiyo, amekaa ghorofa ya juu, kichwa kwenye kioo, alimkumbuka Alnashir. Hakumkumbuka wa kibandani. Alimkumbuka wa dukani, amesimama nyuma ya kaunta na kanda mkononi. Filamu ya mkwe ilipopata jina, Alnashir aliamua ziuzwe kopi mjini kote mpaka Arusha. Kwa hiyo Thadei aliingia chumba cha nyuma akairekodi upya: deki mbili, katikati kidude cha kuchanganyia sauti, maiki, na kidole kwenye swichi. Akisema, kidole kinashusha sauti ya filamu mpaka isisikike. Akivuta pumzi, kidole kinaipandisha chenyewe, ili kanda isiwe kimya. Alipofika kwa mkwe aliweka maiki chini kama kawaida yake, na Alnashir akabonyeza kusimamisha.

"Thadei, mtu hanunui kanda ya Mapafu akakae anasikiliza Kijapani," alisema. "Sema kitu. Taja duka."

Naye alisema kitu. Alikuwa kijana, na Alnashir alikuwa ndiye mwenye deki. Na ile kanda mama ya marehemu mhandisi? Kanda tupu zilikuwa adimu wakati ule. Alnashir alirekodi juu yake harusi ya mpwa wake.

Thadei alishuka vituo viwili mbele ya kwake bila kujijua. Alijiambia labda anakumbuka vibaya, mambo ya zamani sana haya, huenda kopi ya Elieshi ni nyingine. Alijiambia atampigia Emi kesho. Kesho yake Emi akapiga mwenyewe, akasema mama amelala vizuri kwa mara ya kwanza, anakunja na kukunjua vidole akihesabu Jumapili. Thadei akasema hiyo ni habari njema. Usiku alimweleza Aikaeli kila kitu, na Aikaeli, aliyezoea kumtania, safari hii hakumtania.

"Waambie sasa hivi," akasema. "Huyo mama anajizuia kufa kwa ajili yako."

Alijua mkewe amesema kweli. Akaandika ujumbe, akaufuta. Akaandika tena, akaona uso wa Sumie, akaufuta. Jamani, mtu anayeweza kuzungumza saa mbili bila kituo alishindwa kutamka sentensi moja. Na kanda ilikuwa tayari njiani, kwenye begi la muuguzi aliyekuwa anarudi kutoka likizo, imefungwa ndani ya kitenge.

Waliicheza Jumapili mchana. Sumie alikuwa amevalishwa skafu ya rangi ya damu ya mzee, nywele zimechanwa, kitanda kimenyanyuliwa upande wa kichwa. Alikuwa amekwisha sana. Kifua kilipanda na kushuka kwa taabu, na lile tundu la shingoni lilitoa mluzi mwembamba. Emi alipiga magoti mbele ya deki kama mtu anayewasha moto wa kuni, akasukuma kanda ndani.

Sauti ya kwanza kutoka ilikuwa ya Thadei. Sauti ya kijana, imejaa, inajua kwamba inapendwa: hapa ni yuleyule wenu Thadei Mapafu, na leo tuko Japani, kazi imeanza. Emi akamgeukia akatabasamu. Kwenye kioo binti mwembamba akapita na ndoo, na Emi akaweka kiganja mdomoni. Mama yule. Ana shingo nzima.

Thadei alikaa ukingoni mwa kiti akiomba. Aliomba panya wawe wamekula sehemu ile. Aliomba umeme ukatike, kana kwamba yuko Majengo. Umeme wa London haukukatika. Mume akazama. Mama mkwe akaleta furushi. Emi akaongeza sauti, akafumba macho, akashika mkono wa mama yake, akainamisha kichwa kusikiliza.

Sumie wa kwenye kioo akafungua kinywa, na kikatoka Kiswahili.

"Mama mkwe, mimi siondoki," ikasema sauti ya Thadei, imebanwa puani iwe ya kike. "Nikiondoka nani atakwenda stendi kukununulia kanda kwa Alnashir, duka la bluu mkabala na mabasi ya Arusha, kanda safi, hazikwaruzi, na ukinunua mbili za Mapafu..."

Iliendelea. Ilikuwa moja ya kazi zake bora, haikuwa na mwanya. Midomo ya binti ilitetemeka, machozi yakamshuka, mikono ikashika furushi na kulisukuma nyuma, na juu ya yote hayo kijana yule akateremka na bei, na aina, na saa za kufungua. Thadei aliisikia sebule ikimwelemea. Hakuthubutu kumtazama Emi. Alimtazama Sumie. Bibi hakulia. Alikuwa anaifuata midomo yake mwenyewe, akiyatamka maneno bila sauti, yote, bila kukosea, na mkono wake mwingine ulikuwa umekifikia kidude cha kuongelea lakini haukukiinua.

Karibu na mwisho, kijana akaishiwa pumzi. Hata Mapafu alikuwa binadamu. Alivuta hewa puani, kidole kikapanda, na katika nafasi ile ndogo ikatoka sauti ya mwanamke. Aa. Fupi, kavu, imekatwa. Kisha Alnashir akarudi na duka lake.

Emi akafumbua macho. Akarudisha kanda nyuma, akaicheza. Pumzi, aa, Alnashir. Akarudisha tena. Machozi yalikuwa yanamtiririka mpaka kidevuni, na uso wake ulikuwa na kitu ambacho Thadei hakukitegemea kabisa, nacho kilikuwa furaha.

"Ni yeye?" akamwuliza Thadei. "Hiyo ni sauti ya mama?"

Wakati wa sauti ile kamera ilikuwa nje ya nyumba, wanawake wawili wanaonekana kwa mgongo kupitia mlangoni, huwezi kujua nani amesema. Lakini Thadei alijua. Alikuwa amekaa kimya mbele ya mchezo ule mara zisizo na idadi, maiki chini, akiusikiliza kama unavyosikilizwa wimbo. Pale katikati mkwe hunyamaza, na mama mkwe hutoa mguno mmoja wa mzee aliyechoshwa, kisha mkwe huendelea. Sauti nzito ya chini, ile ya mtu aliyeamka, haikuwamo. Pumzi yake Thadei ilikuwa imekosea kwa kitambo kidogo tu. Angeishiwa hewa punde baadaye, ingekuwa sauti ya Sumie.

Akamtazama Sumie, na Sumie alikuwa anamtazama yeye. Duniani kote labda walikuwa wamebaki wawili ambao wangeitambua sauti ile, na wote wawili walikuwa ndani ya chumba hicho. Bibi akakiinua kidude, akakibana chini ya taya, akageuka kwa mwanawe.

"Ni mimi," mashine ikasema.

Emi akamgeukia tena Thadei, maana yeye ndiye mtaalamu.

"Ndiyo," Thadei akasema. "Ni yeye mwenyewe."

Emi akauliza pale juu, kabla ya hapo, kijana alikuwa anamsemesha mama nini. Thadei akasema alikuwa anasema kwamba hataki kuondoka. Emi akamlaza mama yake kichwa begani, akaendelea kurudisha kanda mpaka giza likaingia. Sumie alikaa amefumba macho. Kila sauti ile ilipotoka, kope zilimcheza kidogo, na hakuinua tena kidude. Thadei alipoaga, alimnyooshea mkono. Bibi hakuupokea.

Alikufa wiki hiyohiyo. Hakuwa na cha kusubiri tena.

Mazishi yalikuwa ya kuchoma maiti, jambo ambalo Aikaeli hakulipenda, lakini alivaa gauni jeusi akaja. Watu walikuwa wachache: majirani, wauguzi, wazee kadhaa wa Kijapani. Emi akasimama mbele, ametulia, simu mkononi. Akasema wote mliopo hapa mlimjua mama kwa mashine. Leo nataka mumsikie.

Ikatoka pumzi ya kijana ikivutwa puani. Ikatoka aa. Ikafuata ncha ya neno la Thadei, maana Emi alijaribu kuikata na haikukatika vizuri. Alikuwa ameipanga ijirudie, isiwapite watu. Pumzi, aa. Pumzi, aa. Vichwa vikainama. Mzee mmoja akavua miwani akajifuta. Jeneza lilikuwa pale katikati, dogo, na juu yake ilipita na kurudi sauti ya mwanamke mwingine, yule aliyempa Sumie furushi na kumwonyesha mlango.

Thadei alitamani kufa. Si maneno ya kupamba hadithi, alitamani ardhi impokee na suti yake.

Emi akazima simu. Akasema hata hiki kidogo tusingekuwa nacho kama si mtu mmoja, aliyeihifadhi sauti ya mama bila kujua, katika nchi ambayo mama hakuwahi kuiona. Akamwomba Bwana Thadei asimame, watu wamwone.

Akasimama. Watu waliokaa viti vya mbele wakageuka wote kumtazama, na mmoja akaanza kupiga makofi polepole, wengine wakamfuata. Emi akangoja, akidhani labda atasema neno. Thadei akafungua kinywa, akavuta hewa, akakifunga. Aikaeli akamvuta koti akaketi.

"Baba Haika," akamnong'oneza, "ndiyo yenyewe ile sauti?"

"Ndiyo," Thadei akasema, na mbele yao pazia likaanza kulifunika jeneza.